Nilisikia Nusu ya Neno

Mwezi yenye imepita nilijicheka mwenyewe mu tribunal moja ya Beni, na nilicheka na sauti, ju batu bote balikuwa banacheka na sikutaka nibakie peke yangu na uso mukavu. Nilikuwa nimesindikiza shemeji yangu, bibi ya yaya, kaka yangu mukubwa, mu kesi yake ya shamba. Tulikaa ku banc ya nyuma, jua ya Beni inatuchoma shingo kupitia dirisha yenye haina rideau. Zuzi mupya, hakimu wa ile tribunal, akaingia na toge yake nyeusi, siye bote tukasimama. Nikamuangalia. Amenona, amevaa miwani ya bei, nywele pembeni ya masikio imeanza kuwa nyeupe. Lakini ile kutembea, kichwa mbele sawa mutu anatafuta kitu yenye ilianguka chini, niliijua. Maître Anselme. Ao tuseme Président Anselme, ju sasa yeye njo zuzi. Akasikiliza avoka huyu, akasikiliza avoka ule, akaandika, kiisha akasema na Kifaransa: «Le tribunal prend l'affaire en délibéré.» Shemeji akanifinya mukono: «Batuachilia? Amesema libéré?» Mbele nimujibu, zuzi akatoa miwani, akatabasamu, akaanza kusema na Swahili.

– Bamama, bapapa, musiruke bado. Délibéré hapana libéré. Délibéré ni kusema siye bazuzi tunaenda kukaa, tunafikiri, kiisha tutawaita siku ingine tuwaambie nani ameshinda. Wakati nilikuwa avoka kule Butembo, kulikuwa motard moja, mubeba batu na pikipiki, nilimutetea. Zuzi akasema délibéré, yeye akasikia libéré. Akaruka! Akapiga mikono! «Merci Président!» Akaenda kwao akachinja kuku!

Salle yote ikaanguka mu kicheko, ata polisi wa mulango. Na yeye mwenyewe akacheka, ile kicheko yake ya moto, pikipiki yenye inakataa kuwaka: khe, khe, khe-khe-khe. Shemeji alipanguza machozi na kitenge.

– Ule motard alikuwa mujinga kabisa, akaniambia.

– Kabisa, nikamujibu. Na kuku zilikuwa mbili.

Akacheka tena. Alifikiri nimeongeza utamu.

Ule motard ni miye. Jina ni Kambale, lakini ku parking ya bamotard balikuwa bananiita Radio, ju nikianza kusema hakuko bouton ya kuzima. Leo niko na miaka makumi mbili na tisa, bibi, na batoto babili. Ule mwaka nilikuwa na makumi mbili na mbili. Masomo nilifika mwaka ya sita ya primaire, nikapata certificat, nikasema merci, nikaenda zangu. Mambo ya kwetu, nani alizaa nani na balishuka kilima gani, nitaruka. Mama yangu hakuandika sheria hata moja, donc hana kosa mu ile kesi. Batu ya Beni banasema Président Anselme ni zuzi muzuri, ju anaeleza. Na ni kweli, anaeleza muzuri. Nimekaa ku ile banc, nimemusikia na masikio yangu. Lakini ile hadisi ameeleza nusu, na batu bamefurahi na ile nusu, na miye tangu ile siku nikiwa ku barabara ya kurudia Butembo ao nikiwa ku meza na batoto, ile nusu ingine inanizunguka mu kichwa.

Kila asubui, brouillard ya Butembo ikingali imelala mu barabara sawa mutu mwenye hana kazi, nilikuwa napanda kilima kumukamata Maître Anselme kwake, namushusha ku biro yake katikati ya mji. Biro ilikuwa juu ya butiki ya bitenge. Vyumba mbili: moja ya kungojea, yenye kila siku ilikuwa inangojea peke yake, na ingine ya Maître, meza, viti tatu, étagère ya vitabu ya sheria yenye panya ilikuwa imeanza kusoma kuanzia pembeni. Toge yake ilitundikwa ku musumari nyuma ya mulango, ndani ya mufuko ya muchele, ju ya vumbi. Sikukuwa mutumishi yake, nilikuwa na course zangu na baclient yangu. Mais nikimushusha alikuwa anasema «Panda, Radio, chai iko», na tunapanda. Thermos, vikombe mbili, beignets, mandazi ya mama wa pale chini zenye zilikuwa zinaacha mafuta ku dossier za batu. Kama alikuwa na kesi, alikuwa ananikalisha ku kiti yake.

– Weye ni Président. Miye nasema, weye sikiliza.

– Sema, Maître, lakini harakisha. Président iko na njaa.

Anasimama, anasema Kifaransa yake. Kifaransa miye nilikuwa naokota moja moja, sawa kuku ku mahindi, donc nilikuwa naangalia mikono. Siku moja nikamuambia: «Maître, pale hauko na hakika ya maneno yako, mukono ya kushoto inaingia mu mufuko.» Akasimama, akaangalia ile mukono sawa ni ya mutu mwingine. Kiisha akacheka mpaka akakaa chini. Nilikuwa napenda ile kicheko. Mutu alifanya université, ana toge, na anacheka juu ya maneno ya mutu wa sita primaire: ulikuwa unashuka ngazi na kifua imevimba.

Benzake baavoka balikuwa banakuya kukunywa chai pia. Mu tribunal banaitana «confrère» na banapigana na maneno sawa majogoo. Kiisha, hapa ku biro, banagawana beignet. Hapo njo nilisikia mambo ya liste. Maître alikuwa amefanya concours, mutihani ya kuwa zuzi, alipita, alibakia kungojea majina itoke Kinshasa. Confrère moja munene, mwenye alikuwa anapenda kukaa karibu na thermos, akamuambia mbele yangu:

– Ujichunge, mon cher. Mbele ya kutoa liste banafanya uchunguzi. Mutu moja tu aseme ana lawama juu yako, jina yako banakata.

– Lawama gani? Miye ni mutu safi, Maître akajibu.

– Bote tuko safi mpaka banatuuliza.

Bakacheka. Miye pia nilicheka, na nikakamata beignet ya mwisho.

Siku moja mvua ilinyesha sawa Mungu amesahau kufunga robinet. Propriétaire, mwenye nyumba, alikuwa ametoka kubadilisha tôles, mabati ya juu, zote mupya, alizinunua kwa Papa Josaphat, muchuuzi mukubwa ya tôles mu mji. Maji ikaanza kushuka katikati ya biro. Maître akaweka bassine juu ya meza, akakaa nyuma yake, anaangalia matone yanaanguka: to, to, to. Na miye, nikiwa na kikombe mu mukono, nikaanza.

– Maître, usikasirikie mvua. Tôle ya Papa Josaphat, mvua haipige hodi. Inaingia, inavuta kiti, inauliza: «Mama, bugali imeiva?» Ile ni tôle? Ile ni karatasi ya biscuit. Tofauti ni moja tu: karatasi ya biscuit inakuya na biscuit ndani!

Maître alicheka mpaka bassine ikatikisika. Akakamata téléphone yake.

– Rudilia, Radio. Rudilia, rudilia, tangu «usikasirikie mvua».

Nikarudilia, na nikaongeza kidogo, ju mutu akikurekodi unapenda kuwa muzuri. Akatuma mu groupe ya baconfrères yake. Ilikuwa asubui. Kesho yake muchana, client moja nilimubeba nyuma alikuwa anasikiliza sauti yangu mu téléphone yake na hajue ni miye. Kiisha siku tatu, mutu mwenye alitoka Mutwanga akanielezea ile joke yangu, na akanifundisha namna ya kuisema muzuri. Butembo yote, ukipita mbele ya dépôt ya Papa Josaphat, batoto banapiga kelele: «Biscuit!»

Kiisha convocation, karatasi ya kuniita ku tribunal, ikafika. Polisi akaileta ku parking, batu balikuwa banajua sauti yangu, haikukuwa kazi nguvu. Papa Josaphat alikuwa amenishitaki: imputations dommageables, ni kusema kueneza maneno yenye inaharibu jina ya mutu. Nilikimbia kwa Maître na moto ikingali inawaka pale chini. Alisoma karatasi, akafunga mulango. Ilikuwa mara ya kwanza namuona anafunga ile mulango.

– Nitakutetea miye mwenyewe, akasema. Bure. Mutu hatakugusa.

– Merci, Maître.

– Lakini kitu moja, Radio. Batakuuliza nani alirekodi, nani alituma. Haujue.

– Mais, Maître, ni we…

– Haujue. Ukisema ni miye, siwezi tena kukutetea, ju nitakuwa nimeketi na weye ku banc moja. Na liste… unajua mambo ya liste. Batu babili kuzama mu maji, itakusaidia nini?

Nilifikiri kidogo tu, pengine wakati ya kumeza mate. Alikuwa na haki. Na tena, nitasema kweli: nilisikia utamu. Mutu mukubwa namna ile, jina yake iko mu kinywa yangu, na miye nafunga kinywa. Nikamupa mukono.

Siku ya audience, ya kusikiliza kesi, nilifika asubui sana. Salle ilikuwa na baridi, bibanc bya mbao sawa ya kanisa, na harufu ya makoti yenye yalinyeshewa. Mutu wa kuandika maneno ya tribunal, greffier, akaweka téléphone karibu na micro, sauti yangu ikatoka. Batu ya nyuma bakajikaza, bakashindwa, bakacheka. Zuzi, muzee mukavu mwenye hakucheka, akapiga meza. Kiisha, ku mwisho ya audio, ikasikika: khe, khe, khe-khe-khe.

– Huyu mwenye anacheka ni nani? zuzi akauliza.

Maître akaanza kupanga karatasi zake, zenye zilikuwa zimepangwa.

– Ni client, Président, nikasema.

– Client gani? Jina yake?

– Président, ku moto batu hapana kutoa carte d'électeur ya kujitambulisha. Unabeba mutu, anacheka, anashuka.

– Na kurekodi? Nani alirekodi?

– Ku parking tuko bengi, Président, kila mutu na téléphone yake. Sijue.

Zuzi akaegemea mbele. Hakukuwa mubaya ule muzee, leo naona vile.

– Kijana, mwenye kusema joke na mwenye kuieneza mu mji nzima hawana kosa ya sawasawa. Ukimutaja, mambo yako inaweza kuwa nyepesi. Umesikia?

– Nimesikia, Président. Sijue.

Nilimuangalia Maître, nilifikiri nitaona merci mu macho yake. Alikuwa anafuta miwani. Kiisha bakamupa Papa Josaphat neno. Nilikuwa nangojea tajiri mwenye tumbo na kelele. Akasimama muzee mufupi, kofia mu mikono, akasema kidogo tu: «Président, batoto yangu ku masomo, benzao banabaita batoto ya biscuit. Wa mwisho hataki tena kwenda.» Akakaa. Pale nilisikia haya. Nilitaka kusimama niseme, papa, unisamehe, nilikuwa nachekesha mutu moja tu mu chumba moja. Maître akanivuta shimizi, shati yangu: «Kaa. Usikubali kosa.» Yeye akasimama, akasema Kifaransa murefu na toge inaruka. Mu ile Kifaransa nilisikia «simple d'esprit», akirudilia mara mbili na kunionyesha na kidole. Esprit nilikuwa najua, ni Roho. Nikanyoosha mugongo. Nilifikiri ananiweka karibu na Roho Mutakatifu.

Kiisha zuzi akafunga dossier na akasema ile neno. Munajua sasa nilisikia nini. Nilikuwa nakuya ku ile kesi na miguu yangu, hakukuwa polisi wa kunirudisha mu gereza. Nilikuwa liberté provisoire, yaani unalala kwako na unangojea. Donc nilipotoka pale na kwenda kwangu, hakuna kitu ilinipinga kuamini. Niliruka, ni kweli. Nilipiga mikono, ni kweli. Nilisema merci Président, na batu bakacheka, na nilifikiri banafurahi na miye. Nilimukumbatia Maître, uso yangu mu ile toge yenye ilinuka muchele. Akanipiga mugongoni mara tatu, pole pole. «Enda nyumbani, Radio,» akasema. «Enda upumuzike.» Njo ile tu.

Dimanche yenye ilifwata nilisimama mu kanisa nikatoa ushuhuda. Nilisema nilikuwa mu shimo sawa Danieli, na simba zikakosa appétit. Chorale ikaimba. Muchana mama akachinja zile kuku, akapika bugali, sombe ya majani ya mihogo na maharaki, majirani bakajaza nyumba, na Maître akafika na suti yake ya bleu. Bakamukalisha ku fauteuil ya papa. Mama akamupa firigisi ya kuku, yenye kwetu hapana mutu anakula kama si mukubwa ya nyumba. Pasta akamuambia: «Maître, utupe neno.» Akasimama. Niliona mukono ya kushoto inaingia mu mufuko. Nilifikiri anatafuta mouchoir.

– Wazazi, akasema, huyu kijana tumuweke mu mikono ya Mungu. Mungu njo zuzi ya mwisho.

– Amina! nyumba nzima ikajibu.

Hakusema uongo. Nimepita mu ile maneno mara mingi, neno kwa neno, sawa mutu anatafuta jiwe mu maharaki, na hakuna uongo ata moja. Siku ya kutangaza hukumu ilikuwa ingali mbele. Angeniita kidogo ku pembeni, karibu na jiko, aniambie mu sikio: Radio, haiishe bado. Alikaa, akakula firigisi, akaomba sombe mara ya pili.

Kiisha hapo akaniambia binamu yake amepata gari, hana tena lazima ya moto. Nilisema sawa, Maître, zuzi hapana kupanda moto, anza kuzoea gari mapema. Akatabasamu tu. Majuma ikapita. Asubui moja niko ku parking, napanguza kiti, polisi babili bakafika na karatasi.

– Nani njo Radio?

– Inategemea, nikasema. Munaenda wapi?

– Tunaenda na weye.

Myezi kumi ya kifungo. Hukumu ilikuwa imetoka zamani, na siku za kuikataa zilikuwa zimeisha. Nilikuwa napiga kelele mu ofisi yao: «Miye niko libéré! Muulize Maître Anselme! Muulize!» na polisi moja akaniambia na huruma ya kweli: «Leki, mudogo wangu, angalia, ata haukukuya kusikiliza hukumu yako.»

Mu gereza, chumba ilikuwa na batu bengi mpaka kugeuka ku usingizi ilikuwa kazi ya bote pamoja, moja akisema «geuka», musitari nzima inageuka. Chakula ni vungule, mahindi na maharaki bamechemsha pamoja, siku moja mahindi mingi, siku ingine maji mingi. Mutu wa karibu yangu balikuwa banamuita Enseignant. Alikuwa mwalimu wa Mbau, muzee mupole, dossier yake ilikuwa ingali inangojea zuzi. Juma ya kwanza batu baliniomba joke ya biscuit, nikaitoa, bakacheka, Enseignant hakucheka. Akaniuliza zuzi alisema nini siku ya mwisho.

– Alisema libéré.

– Neno kwa neno, Radio.

– «Prend l'affaire en… délibéré.»

Akaokota makala, kipande ya makaa, akaandika ku ukuta: DÉLIBÉRÉ. Akaweka kidole gumba juu ya herufi mbili za mbele. «Weye ulisikia hii.» Akatoa kidole. Nikabakia naangalia zile herufi mbili. Kiisha akanielezea yote: siku ya kutangaza hukumu avoka anaijua, na kiisha hapo ulikuwa na siku kumi ya kufanya appel, kuomba bazuzi ya juu basikilize tena.

– Basi Maître hakusikia muzuri yeye pia, nikasema.

– Radio. Yeye ni avoka.

– Pengine alikuwa mugonjwa.

Enseignant akapanguza vidole vya makala ku suruali. Nikamuuliza tena, simple d'esprit ni kusema nini. «Ni mutu mwenye akili yake haikufika,» akasema. Ile siku sikukula vungule yangu. Batu bakafikiri ni homa. Tangu pale nilimuomba anifundishe Kifaransa, na kila muchana tulikaa mbele ya ule ukuta na kipande cha makala, miye na herufi, mpaka ukuta ikakosa nafasi.

Mwezi ya ine bakaniita: mugeni. Maître Anselme alikuwa amekaa mu kachumba ya bageni, suti ya bleu, ananipa mukate mbili na sabuni. Nitasema kitu ya haya: nilifurahi kumuona.

– Radio! Umekonda.

– Hapana, Maître. Ni ukuta njo imenona.

Akacheka, khe, khe, akaacha.

– Siku ya hukumu ulikuwako? nikamuuliza.

– Nilikuwako.

– Na haukuniambia.

– Ulikuwa na furaha sana. Ile dimanche nilikuya nikuambie, nakuapia. Kiisha mama yako ananipa firigisi, pasta anaomba neno… Nilishindwa.

– Na zile siku kumi?

Akaangalia surveillant, mulinzi wa gereza, ku mulango, akashusha sauti.

– Ku appel bazuzi ni batatu, Radio, hapana moja. Bangesikiliza ile kicheko tena. Kule kuko moja mwenye nimekula na yeye, angenijua papo hapo. Miaka sita nangojea liste. Miaka sita! Na weye, nilijua ni kifungo kidogo, uko kijana, una nguvu…

Akatoa karatasi mu sacoche, imepigwa ku mashini, na bic, kalamu. Batu ya uchunguzi balikuwa banakuya, akasema, ni makaratasi tu ya dossier. «Weka signature hapa chini. Miye siku ya ine ya juma naleta demande ya liberté conditionnelle, ni kusema bakuachilie mbele ya kifungo kuisha, umefikisha myezi yenye sheria inaomba. Siku ya ine asubui uko inje, Radio.»

Nikakamata ile karatasi, nikaanza kusoma na sauti, pole pole, kidole chini ya kila neno. Ilisema kama miye niliye chini nashuhudia Maître amenisaidia kwa bidii. Kama alinijulisha haki zangu zote na siku za appel. Kama mutu mwenye alirekodi ile audio simujue. Nilivyofika ku «délais d'appel» uso yake ikabadilika.

– Nani alikufundisha kusoma vile?

– Simple d'esprit moja.

Akainamisha kichwa. Surveillant alikuwa pale, hatua ine. Ningepaza sauti tu: huyu njo mwenye anacheka mu audio. Maneno kidogo, na jina inakatwa ku liste, na ile toge inarudia mu mufuko ya muchele siku zote. Nilikuwa nayo mu kinywa. Batu tatu ao ine nimebaelezea hadisi hii baliniuliza kwa nini. Nilitaka kutoka, iyo ni ya kwanza. Ya pili ni nguvu kusema. Nilikuwa ningali nataka awe ule mutu nilikuwa nabeba kila asubui, mwenye alikuwa ananipa kiti yake. Nilifikiri nikimupa nafasi moja ya mwisho, ataikamata. Nikatia signature. Niliandika jina yote, Kambale, na herufi za kufungana, muzuri, vile Enseignant alinionyesha. Maître akakunja karatasi mara mbili, akanishika bega.

– Siku ya ine, akasema.

Siku ya ine asubui nilinyoa ndevu, nikavaa shimizi yangu safi, nikagawia benzangu sabuni yenye ilibakia, ju inje sabuni iko. Nikakaa karibu na mulango mpaka giza ikaingia. Siku ya tano nilimuomba Enseignant kipande ya ile sabuni, nikanyoa tena.